Tulivyoonyeshwa mji wa Firenze

Katika kurasa hizi tumezoea kupima vitabu, nyimbo mpya za kwaya, na mara nyingine michezo ya kuigiza ya vijana wa parokia. Leo twaomba ruhusa tupime kitu ambacho si kitabu wala si wimbo, ingawa nacho kina mwanzo na mwisho, kina msimulizi, na kina watu waliotoa fedha ili wamsikilize. Ni yale matembezi ya mguu katika mji wa kale, ambamo kiongozi hutangulia na watu humfuata, akiwaonyesha hiki na kile.

Mwaka wa Jubilei 2025, mwezi wa kumi, tulikuwa Roma pamoja na mahujaji wa jimbo letu. Tulipopata siku moja ya mapumziko, watu watano tulipanda treni kwenda Firenze, mji ambao sisi wa shule za Kifaransa tumezoea kuuita Florence. Ni safari ya saa moja na nusu. Alikuwako mwalimu mmoja, vijana wawili wa kwaya, sisi wenyewe, na mama mmoja wa parokia yetu ambaye kwa miaka mingi amekuwa mkunga. Mkumbukeni mama huyo, maana maswali yake yalikuwa mazuri kuliko majibu aliyopewa.

Matembezi yalianza saa nane mchana mbele ya kanisa kuu. Kundi lilikuwa la watu kama ishirini, nusu yao Wabeljiji. Kila mmoja alitiwa sikioni kidude cha kusikilizia, ili kiongozi aseme kwa sauti ya kawaida na wote wasikie. Kiongozi mwenyewe alikuwa kijana wa mji huo huo, mwenye elimu na Kifaransa kizuri. Hatutaji jina lake wala la kampuni yake, kwa sababu hatuna ugomvi na mtu. Tena tuliona makundi mengine yakipita na viongozi wao, nao walisimama mahali pale pale na kuwachekesha watu mahali pale pale. Basi tunayoyasema hayamhusu yeye peke yake.

Tuanze na sifa, kwa kuwa anastahili.

Kanisa kuu la Firenze, Santa Maria del Fiore, lilianza kujengwa 1296. Miaka zaidi ya mia moja baadaye kuta zilikuwa zimesimama, lakini katikati palibaki tundu la pembe nane, upana wake kama mita 45, wala hapakuwa na mtu aliyejua namna ya kulifunika. Wasomaji waliowahi kujenga kwa matofali wanajua shida iko wapi. Fundi anayejenga tao husimamisha kwanza mbao chini yake, zishikilie matofali mpaka chokaa ishike. Lakini kwa upana ule, na kwa kimo kile cha kutoka sakafuni, ingetakiwa miti mingapi? Filippo Brunelleschi, aliyefundishwa kazi ya mfua dhahabu wala si ya mwashi, akasema atajenga bila mbao za kutoka chini. Kazi ya kuba ilianza 1420, ikamalizika 1436. Alijenga kuba mbili, moja ndani ya nyingine, na matofali akayapanga kama mifupa ya samaki, mengine yamelala na mengine yamesimama, hata kila mzunguko ukaweza kujishikilia kabla ya mwingine kuwekwa juu yake.

Hayo yote yamo vitabuni. Tulipokuwa seminarini tuliyasoma pamoja na michoro yake, tukajibu mtihani, tusielewe kitu. Kiongozi wetu alifanya hivi: aliwaita watu wanane, akawapanga bega kwa bega kwa duara, nyuso zao ndani, akawaambia wainamie katikati wote pamoja, polepole. Hakuna aliyeanguka, kwa kuwa kila mmoja alizuiwa na wenzake wa kulia na wa kushoto. Kisha akamtoa mmoja. Duara lote likayumba, na mzee mmoja Mbeljiji nusura apige pua chini. Ndipo akasema: «Mmeona? Hiyo ndiyo kuba.» Basi jambo lililotushinda kwa macho miaka mingi, tulilielewa kwa mabega katika dakika mbili. Sisi tunaofundisha watoto katekisimu tuliona haya kidogo, tukikumbuka ni mara ngapi tumewakaririsha neno bila kuwatafutia duara la namna hiyo.

Tena alitupeleka nyuma ya kanisa akatuonyesha duara la marumaru nyeupe lililotiwa katika mawe ya uwanja. Wapitaji hulikanyaga bila kulijali. Ni mahali lilipoanguka tufe la shaba la kileleni, lilipopigwa na radi mwaka 1600. Ukisimama hapo na kutazama juu, shingo yenyewe inakueleza kimo.

Ila hata penye sifa palikuwa na upungufu. Watu walipiga picha za uso wa kanisa, wakisema: tazama imani ya watu wa kale! Kiongozi aliwaacha waendelee. Kumbe uso huo wa marumaru ya rangi tatu ulimalizika 1887. Kabla ya hapo kanisa hilo maarufu lilikaa karne nyingi na uso usiokamilika. Parokia yetu inangojea lipu mwaka wa kumi na moja sasa, na habari hiyo ingetufariji sana kama tungeambiwa pale pale.

Sasa twende kwenye lawama.

Mbele ya kanisa kuu limesimama jengo la pembe nane, la marumaru nyeupe na kijani: ni nyumba ya ubatizo ya Mtakatifu Yohane. Mlango wake wa mashariki ni kazi ya Lorenzo Ghiberti, iliyochukua tangu 1425 mpaka 1452, picha kumi za Agano la Kale katika shaba iliyopakwa dhahabu. Kiongozi alieleza habari ya shindano la 1401, alilolishinda Ghiberti ili apewe mlango wake wa kwanza. Alisema wazi kwamba mlango tulioutazama ni nakala, na ule wa asili umehifadhiwa katika makumbusho ya kanisa kuu. Alieleza pia kwamba gharika ya tarehe 4 Novemba 1966 ilibandua picha tano kati ya zile kumi. Mambo mazuri. Lakini mama mkunga akainua mkono, akauliza: «Na watoto, walibatizwa humu kweli, au ni jina tu la jengo?» Kiongozi akajibu kwamba ndiyo, hata Dante mtunga mashairi alibatizwa humu. Kisha akageuka, tukamfuata.

Jibu hilo lilikuwa la kweli, nalo lilikuwa bure. Kwa karne nyingi watoto wa mji mzima walibatizwa katika nyumba hiyo moja, wa tajiri na wa mchukuzi wa mizigo. Giovanni Villani, mwandishi wa habari za mji aliyekufa kwa tauni 1348, ameandika kwamba padri mbatizaji aliweka haragwe jeusi kwa kila mtoto mwanamume na haragwe jeupe kwa kila mtoto mwanamke, ili ajue hesabu yao, nayo ilifika 5,500 mpaka 6,000 kwa mwaka. Msomaji aliyewahi kushika kalamu juu ya kitabu cha ubatizo, siku ya Pasaka, watoto wakilia na wasimamizi wakisahau majina, atamwona mara moja yule padri na bakuli lake la maharagwe. Tungetoa milango yote ya shaba ili tumwone. Habari hiyo yatosha dakika moja, na mama angeondoka na kitu cha kuwapelekea wakunga wenzake.

Dakika zilikwenda wapi? Zilikwenda kwa jamaa ya Medici. Robo saa nzima tulisimama juani tukisikia jinsi Giuliano de' Medici alivyochomwa visu ndani ya kanisa kuu tarehe 26 Aprili 1478, wakati wa Misa, na jinsi nduguye Lorenzo alivyokimbilia sakristiani, na jinsi wauaji walivyotundikwa madirishani. Kiongozi alisimulia vizuri sana. Vijana wetu wa kwaya walisahau hata kutafuna biskuti zao. Hatusemi habari hiyo ifichwe. Twasema tu kwamba kiongozi ana saa mbili na nusu, hawezi kueleza yote, lazima achague. Basi mtazame anachochagua, ndipo utajua anadhani mji ni kitu gani. Huyu alichagua fedha na damu. Mtu kipofu aliyemsikiliza siku ile angedhani Firenze ilijengwa na jamaa moja ya wenye benki, na watu wengine wote walikuwapo ili kuwapigia makofi au kuwaua.

Mawe yenyewe yanamkanusha. Njiani kutoka kanisa kuu kwenda uwanja wa serikali pana jengo refu la mraba liitwalo Orsanmichele. Tulilipita kama apitavyo mtu mlangoni kwa jirani anayemdai. Jengo hilo, lililoanzwa 1337, lilikuwa soko la nafaka, kisha likawa kanisa, na nafaka ikaendelea kuwekwa katika ghorofa za juu. Hata leo, ndani ya kanisa, matundu ambayo ngano ilipitia ikishuka kutoka juu yanaonekana katika nguzo. Na nje, kuzunguka kuta zote, kuna vyumba vidogo 14 vya sanamu, ambavyo vyama vya kazi za mji vilipewa, kila kimoja amweke mtakatifu wake: wafanyaji wa silaha walimweka Mtakatifu Georgi, kazi ya Donatello, wenye benki Mtakatifu Mateo, waashi na maseremala wale mashahidi wanne waliokuwa mafundi kama wao. Hapo ndipo mtu angeonyeshwa ni nani waliolipa, waliochonga, waliobishana juu ya bei. Soko la nafaka chini, sala katikati ya magunia! Katika nchi yetu, ambamo mara nyingi kanisa na soko hutazamana na mama hutoka Misa ya kwanza moja kwa moja kwenda kupanga unga wake, hatuhitaji kuelezwa sana. Kiongozi alisema tu: «Upande wenu wa kushoto, Orsanmichele.»

Katika uwanja wa serikali, Piazza della Signoria, alituambia kwa uaminifu kwamba sanamu ya Daudi tuliyoiona ni nakala iliyowekwa 1910, na ile ya Michelangelo, aliyoichonga tangu 1501 mpaka 1504, ilihamishwa 1873 ikawekwe ndani, isiharibiwe na mvua. Kisha akatuonyesha bamba la mviringo sakafuni, mahali aliponyongwa na kuchomwa moto Fra Girolamo Savonarola, mtawa Mdominiko, tarehe 23 Mei 1498. Akafanya mzaha juu ya nyama ya kuchoma. Watu wakacheka. Sisi tuliinama tukasoma maandishi ya bamba: yanataja watawa watatu, wala si mmoja, Fra Domenico na Fra Silvestro waliuawa pamoja naye. Juu ya Savonarola watu wamebishana tangu siku ile mpaka leo, na hatutaki kuyaingilia hayo. Lakini kiongozi anayesimama juu ya jiwe lenye majina matatu, akasoma moja na kufanya mzaha, hata jiwe hajalisoma.

Sasa tufike kwenye jambo lililotufanya tuandike.

Katika ua wa Palazzo Vecchio, ambapo kivuli kilitupumzisha, kiongozi alirudi kwa Medici. Alisema kwamba Giovanni, mwana wa Lorenzo, alikuwa Papa kwa jina la Leo X, tangu 1513 mpaka 1521. Akatusimulia habari ya tembo mweupe aitwaye Hanno, ambaye mfalme Manuel wa Ureno alimpelekea Papa huyo 1514: jinsi alivyopiga magoti mbele yake, jinsi alivyowarushia watu maji. Kundi lilifurahi kuliko mahali pote. Hata sisi tulicheka, maana tembo ni tembo.

Tulingoja aendelee. Hakuendelea.

Wasomaji wetu waliopata masomo ya historia ya Kanisa wanajua tulichokuwa tukikingojea. Huyu Leo X, huyu mwana wa Firenze, ndiye aliyemteua Henrique, mwana wa mfalme Afonso wa Kongo, kuwa askofu wa Utica, mwaka 1518. Henrique alikuwa amepelekwa na babaye kusoma Lisbon, katika nchi ya yule Manuel aliyetoa tembo. Mji mkuu wa ufalme ule, Mbanza Kongo, leo uko katika nchi ya Angola, lakini ufalme wenyewe ulienea mpaka sehemu za nchi yetu, na jina lake ndilo tunalolibeba sote hata sisi wa mashariki. Katika Kongo yetu ya sasa, askofu wa kwanza mzalendo, Pierre Kimbondo, aliwekwa 1956. Pimeni wenyewe umbali wa miaka iliyo katikati. Basi mtu wa kwetu, amesimama katika nyumba ya Medici, amesikia kwamba Papa wa Medici alipokea mnyama kutoka ng'ambo ya bahari. Kwamba alimpa uaskofu kijana kutoka ng'ambo ya bahari hakusikia.

Mwalimu wetu alisema tusimlaumu kijana, huenda hakufundishwa. Twakubali. Pia hatudai kwamba kila kundi lielezwe habari za Kongo. Mjapani naye angetaka zake. Lakini kundi hili lilikuwa na Wakongo watano na Wabeljiji kumi! Kama si hapa, ni wapi? Tulipomwambia habari ya Henrique, tukitembea, alisikiliza kwa adabu, akaomba tumwandikie jina hilo katika daftari lake. Tulimwandikia. Hilo nalo tunalihesabu upande wa sifa zake.

Matembezi yalikwisha mwanzoni mwa daraja la kale, Ponte Vecchio. Lilijengwa 1345. Hapo kwanza palikuwa na wauza nyama, mpaka mtawala Ferdinando alipowafukuza 1593 kwa sababu ya uvundo na kuwaweka wafua dhahabu. Mwezi wa Agosti 1944 askari wa Ujerumani walipokimbia walilipua madaraja mengine yote ya mji, hilo likaachwa. Maneno hayo kiongozi aliyasema haraka haraka, kisha akatuonyesha duka la mifuko ya ngozi ambalo, alisema, lina bei nafuu kwa watu wake. Bei tuliiona. Tulisalimu tukatoka.

Ukivuka daraja hilo na kwenda mbele dakika chache, utafika jumba la Palazzo Pitti, walilokaa Medici baadaye. Katika hazina zake zimo baragumu za pembe ya ndovu zilizochongwa na mafundi wa ufalme wa Kongo, nakshi zake zimefumana kama nguo ya rafia. Zilikuwa mali ya Medici tangu karne ya 16. Kwa hiyo, muda wote tuliokuwa tukisikia habari za Medici, kazi ya mikono ya Kongo ilikuwa ng'ambo ya mto, na kiongozi akasimama upande wa huku, mlangoni pa duka.

Msomaji atakayepata bahati ya kufika Firenze asikatae matembezi ya namna hiyo. Ayafuate kwa ajili ya kuba tu, maana kuba peke yake yalipa fedha zote. Kisha ajiwekee saa mbili zake mwenyewe.

Sisi hatukuwa na saa mbili kamili kabla ya treni. Ilitubidi kuchagua: kuvuka mto kwenda kuziona pembe za Kongo, au kurudi kaskazini kwenye nyumba moja ambayo mwalimu alisoma habari zake. Wanaume tulitaka pembe. Mama akauliza nyumba hiyo ni ya nini, akaambiwa ni ya watoto waliotupwa. Hatukubishana tena.

Ni Ospedale degli Innocenti, nyumba ya watoto wasio na hatia, iliyochorwa na Brunelleschi yule yule, 1419, mwaka mmoja kabla ya kuanza kuba. Fedha zilitoka kwa chama cha wafanyaji wa hariri. Mbele ina baraza ndefu ya matao, na juu ya nguzo picha za mviringo za watoto weupe waliofungwa nguo za kitoto, katika rangi ya samawati, kazi ya Andrea della Robbia. Mtoto wa kwanza aliachwa hapo tarehe 5 Februari 1445, sikukuu ya Mtakatifu Agata, naye akabatizwa Agata. Mwisho wa baraza, upande wa kushoto, pana dirisha lenye nondo ambapo watoto wachanga walipitishwa mpaka 1875. Mama alitia mkono wake kati ya nondo, kama apimaye kichwa cha mtoto. Kundi hata moja halikuwako uwanjani.

Ndani, katika makumbusho, wamehifadhi alama ambazo mama waliziacha pamoja na watoto wao: nusu ya sarafu, nusu ya medali, kipande cha kioo, ili siku wakirudi nusu mbili zikutane na mtoto atambulikane. Zimewekwa katika visanduku vidogo vidogo, kila kimoja na jina la mtoto. Mama alivifungua kimoja kimoja, akisoma majina kwa sauti ya chini, mpaka mlinzi alipokuja kutuonyesha saa yake. Alikuwa amefikia safu ya tatu.